Shamba Lenye Joto

Jumapili, 8 Novemba 1970

Leo tumekuwa watu wenye ardhi, na nimelia mpaka kichwa kinaniuma. Si machozi ya furaha.

Kura ilipigwa mbele ya nyumba ya yule mzungu ambaye kampuni yetu, tuliyoichangia hisa, imenunua shamba lake. Mwenyekiti, Mzee Kiarie, alitia vikaratasi vyenye namba ndani ya kofia yake akaizungusha kwa kila familia. Wengine walimtuma mtoto, wengine walifumba macho. Mume wangu Githinji alimsogeza mbele mama yake, Wahu, maana mama mkwe wangu anasifika kwa mkono wa bahati. Mayai akiyaatamisha yeye, hakuna hata moja linaloharibika. Basi Mama akatia mkono, akatoa kikaratasi, akakibusu kabla hajajua kimeandikwa nini.

Kumbe ametubusia kinamasi. Ekari saba, karibu zote maji, matope na mafunjo marefu kuliko mtu. Pakavu ni ukingo wa juu tu, mahali pa nyumba, choo na kamba ya nguo. Hapo chini ndipo mzungu alipokuwa akija na rafiki zake kila Jumapili kupiga bata kwa bunduki, mpaka vibarua wakamwita Bwana Bata. Waliotoa namba za kilimani walikuwa wakicheka wakitupa pole.

Mama peke yake ndiye aliyefurahi. Aliuliza kama ni yetu kabisa, Githinji akamwambia ni yetu. Akasema basi azikwe hapo katikati. Baba mkwe alizikwa kwenye shamba la kahawa la mtu, na mwaka uliofuata trekta lilipita juu ya kaburi. Mama alikuwa hapo akichuma kahawa, akaona. Hajawahi kuniomba jambo lingine lolote kwa nguvu hivyo.

Alhamisi, 12 Novemba

Nimepanda maharagwe kwenye ukingo wetu. Korongo wawili wenye taji kichwani wametoka kwenye mafunjo, wakatembea kwa madaha kama machifu, wakayafukua mstari mzima. Nimewatupia mawe. Jirani yangu Namalwa, ambaye yeye na mumewe Murunga walikuwa vibarua wa Bwana Bata na sasa ni wanachama kama sisi, alisimama akinitazama. Akaniambia nisijichoshe, wale ndege walikuwa hapa hata kabla ya huyo mzungu. Nikamwambia basi nao wangelipa hisa.

Jumatatu, 23 Novemba

Githinji ameanza kuchimba mtaro wa kutoa maji hadi mtoni. Anasema kufikia mvua ya Machi tutapanda mahindi mahali ambapo leo bata wanaoga. Namwamini. Akishika jembe hana mchezo.

Alhamisi, 3 Desemba

Kijana wa idara ya wanyama, jina lake Kimutai, amekuja na baiskeli na darubini shingoni. Ameomba wanachama tukiache kinamasi kama kilivyo. Alisema korongo hurudi kutaga palepale kila mwaka, na kwamba watu wamechimba mitaro kila mahali, sasa ndege hawana pa kwenda. Alieleza vizuri, kwa adabu, na hakuna aliyetaka kumsikia.

Mzee Kiarie alisema ametoka mzungu wa kutunza bata, ameingia Mwafrika wa kutunza bata. Watu wakaangua kicheko, na mimi ndiye niliyecheka zaidi. Kuna walionong'ona kwamba yeye ni mwenyeji wa huku, anataka ardhi ikae bure mpaka watu wake waje kuichukua. Aliyasikia. Masikio yalimwiva lakini aliendelea kueleza.

Nilimuuliza, "Na mimi mtoto wangu nitamlaza wapi, kwenye kiota?"

Alifunga darubini yake kwenye kitambaa, akapanda baiskeli.

Jumamosi, 12 Desemba

Wengine wamekwenda mjini Eldoret kutazama gwaride la Jamhuri. Sisi tumefungua mtaro. Githinji alikata kipande cha mwisho cha udongo, maji yakatoka kwa kishindo, meusi, yanatoa povu. Mama alipiga vigelegele vitano kama mtoto wa kiume amezaliwa. Nduta, binti yetu, alikimbia kando ya mtaro akishindana na maji, yakamshinda.

Jumapili, 20 Desemba

Kinamasi kimebaki tope. Kambare wanagaagaa, watu wanawaokota kwa ndoo. Bata wameondoka wote asubuhi moja, wamezunguka juu mara nyingi kisha wakaelekea kaskazini. Korongo wale wawili hawajaondoka.

Githinji akikata mafunjo amekuta kiota chao, kikubwa kama ungo, na mayai matatu. Sisi hatuli mayai ya ndege wa porini. Mama akayachukua kwa khanga yake, akamwekea kuku anayeatamia. Korongo wamesimama jioni nzima pale kilipokuwa kiota, kila mmoja kwa mguu mmoja. Niliwaona nikamwita Nduta ndani, sijui kwa nini.

Jumamosi, 16 Januari 1971

Mafunjo yamekauka kabisa. Leo tumeyachoma, kama tulivyokuwa tukichoma vichaka kwetu Nyeri kabla ya kupanda. Moto ulipanda juu kuliko mikaratusi, na kabla ya saa sita ulikuwa umeisha. Limebaki jivu jeusi, zuri, laini. Githinji alilichota kiganjani akanionyesha. Akasema jivu la namna hii halihitaji mbolea. Tulilala tukipanga mbegu.

Mayai ya korongo yameoza yote matatu. Mama ameyatupa mwenyewe.

Jumapili, 24 Januari

Kuna baridi kali asubuhi. Mama ameamka mapema, ameshuka shambani akakaa chini kwenye jivu. Nilipomfuata na chai aliniambia nivue viatu nikanyage. Kweli, ardhi ina joto. Joto la kupendeza, kama mawe ya jiko baada ya ugali kuiva.

"Ardhi ya mtu ina joto lake," akasema. "Ile ya wengine ilikuwa baridi miaka yote."

Sasa anakwenda huko kila asubuhi kupasha mifupa yake. Namwacha. Ameteseka vya kutosha, na mimi pia nilipovua viatu nilijisikia vizuri.

Jumanne, 2 Februari

Moshi bado unatoka hapa na pale. Githinji anasema ni visiki.

Jumanne, 9 Februari

Kinamasi hakina visiki. Sijui tulikuwa tunadanganyana nini.

Saa nne hivi mtamba wa Namalwa amekata kamba, akashuka shambani kwetu kutafuta majani. Alipofika katikati ardhi ikapasuka chini yake kama ukoko wa ugali. Akazama hadi tumboni, na pale alipozama pakatoka cheche. Sitaisahau sauti ile. Murunga na Githinji walimvuta kwa kamba, lakini miguu yote minne ilikuwa imeungua hadi mfupani. Murunga akamchinja palepale.

Ndipo tukaelewa. Ardhi yetu si udongo. Ni mizizi na majani yaliyooza majini tangu zamani, yakalaliana, na sisi tumeyakausha kisha tukayawasha. Moto uko chini. Unatembea kama fuko, huuoni, unaona tu mstari wa jivu ukititia.

Namalwa aliniambia mbele ya watu wote, "Mama Nduta, hiyo moto yenu imekula ng'ombe yangu. Na bado ina njaa."

Mama nimemkataza asishuke tena.

Jumapili, 14 Februari

Jana kanisa lote lilikuja kuomba. Baada ya maombi tulipanga mstari kutoka mtoni tukipokezana ndoo hadi jua likazama. Maji yalimwagwa, mvuke ukapanda, tukashangilia. Asubuhi hii moshi unatoka palepale, na mahali pengine papya pawili. Namalwa alikuja kubeba ndoo lakini hakusimama karibu nami. Murunga anasema utaisha wenyewe ukikosa cha kula. Utakula mpaka lini? Githinji ametia mti mrefu chini, umeingia wote bila kugusa udongo mgumu.

Ijumaa, 19 Februari

Tumemtuma mtu kwa Kimutai. Nilidhani hatakuja, kwa jinsi tulivyomcheka. Amekuja. Alitembea ukingoni akijaribu ardhi kwa fimbo, soli ya kiatu chake ikayeyuka kidogo na hakulalamika. Akasema ndoo hazifai kitu. Moto wa namna hii huzimwa na maji yakilala juu yake, si kumwagwa. Tufunge mtaro, kinamasi kijae tena.

Nilimuuliza kama baadaye tutaweza kuyatoa maji tena. Aliniangalia kwa huruma, na huruma ile ndiyo iliyonitisha.

Jumamosi, 20 Februari

Githinji amekataa. Amesema akifunga mtaro atakuwa amenunua ziwa, na hajaona mtu akivuna ziwa. Nilimwambia moto unasogea upande wa nyumba, na upande wa pili uko hatua chache kutoka kwa Murunga. Akasema mvua itakuja. Nikamwambia Machi bado, na mvua si mtumishi wake. Akapiga mlango wa jikoni kwa ngumi. Mlango umeng'oka bawaba. Hatujasemezana tena.

Namwelewa, ndilo linaloniumiza. Alipokuwa mdogo walilala kambini kwa watu, wakafukuzwa, wakalala kwingine wakafukuzwa. Amechimba mtaro ule kwa mikono yake. Ukimwambia aufunge ni kama unamwambia arudi barabarani na godoro kichwani.

Alhamisi, 25 Februari

Mungu wangu.

Mama aliamka kabla yetu. Hakushuka shambani, alitii. Alikaa hapa juu, kwenye ukingo wetu, nyuma ya jiko, karibu na maharagwe, mahali ambapo sote tunapita kila siku. Alipasikia pana joto akafurahi, akanyoosha miguu. Nyasi zilikuwa bado za kijani. Chini yake moto ulikuwa umeshafika.

Nilisikia akiniita kwa sauti ndogo, kama mtu asiyetaka kusumbua. Nilipotoka alikuwa ameingia hadi magotini. Nilimshika kwapani nikamvuta, na nyama ya miguu yake... siandiki hilo.

Githinji amemkumbatia kifuani kwenye tela la trekta la kampuni mpaka hospitali mjini. Njia nzima Mama alikuwa akimtuliza yeye.

Jumatano, 3 Machi

Daktari na wauguzi wamefanya walichoweza. Mama ameomba arudishwe kwake, na daktari hakubisha. Ninambadilisha vitambaa asubuhi na jioni. Leo ameniuliza kama bado pana moto pale katikati, pale pake. Nikamwambia bado.

Jumamosi, 6 Machi

Nimefunga mtaro.

Nilichukua magunia yote ya nyumbani, hata lile la kulalia, nikaenda kwa Namalwa. Alikuwa anapepeta mtama. Hatukuwa tumeongea tangu siku ya mtamba wake. Nilimwambia ninachokwenda kufanya, na kwamba mume wangu hajui. Aliweka ungo chini, akaingia ndani, akatoka na magunia mawili na jembe.

"Sijasamehe ng'ombe," akasema. "Nakuja kwa sababu hiyo moto inakuja kwangu."

Tulijaza udongo, tukaburuta, tukapanga mdomoni mwa mtaro. Tulikuwa tumefika nusu nilipoona kivuli cha Githinji juu yetu. Ameshika panga. Sikuogopa kwa ajili yangu, niliogopa kwa ajili ya ukuta wetu.

"Unajua unafunga nini?" akauliza.

"Nafunga moto."

"Unafunga shamba, Wacera. Shamba la mama yangu."

Nilimwambia mama yake yuko ndani hana miguu ya kusimamia, na nikaendelea kupanga. Akakaa chini ukingoni, panga kando, mikono kichwani. Maji machache ya kijito kinachoingia kinamasini yalianza kupanda, na mara yakapenya katikati ya magunia yetu, tukayaziba, yakapenya kwingine. Namalwa alitukana kwa lugha yao.

Ndipo Githinji akasema, kwa sauti ya kuchoka, kwamba ukuta huo hautasimama hata hadi kesho. Akavua shati. Akaingia mtaroni, akatoa magunia yetu yote, akaanza upya, moja kwa urefu, moja kwa upana, akishindilia udongo wa mfinyanzi katikati. Alikuwa analia na anafanya kazi safi. Tulimpokeza tu.

Jumatano, 10 Machi

Maji yamepanda kiasi cha kiatu. Kijito ni chembamba, ni kiangazi. Moto na maji vinapigana, usiku kucha tunasikia ardhi ikifoka.

Jumanne, 16 Machi

Vidonda vya Mama vimeanza kunuka. Nasema kwa sababu hakuna mwingine wa kumwambia.

Jumamosi, 20 Machi

Niliona si haki kumficha. Nilimwambia tumefunga mtaro, maji yanarudi, na katikati hapatakuwa na mahali pake tena. Nilidhani atalia. Alifikiri, kisha akasema mkono wake ndio uliotoa kile kikaratasi, hakuna wa kulaumiwa.

"Basi niwekeni karibu na mlango. Trekta tu lisipite juu yangu."

Nikamwambia, "Halitapita, Mama. Hapa trekta haliwezi kupita tena."

Akatabasamu. Nadhani ndilo neno zuri pekee nililompa tangu niolewe.

Jumanne, 23 Machi

Ametutoka leo alfajiri. Mkono wake ulikuwa mkononi mwangu, nikausikia unapoa.

Alhamisi, 25 Machi

Tumemzika mbele ya mlango, upande ambao moto haukufika. Murunga na Githinji walijaribu kila mahali kwa mti kabla ya kuchimba, wakinusa ncha yake. Walipofika kiunoni maji yakaanza kutoka chini. Wakapanga mawe waliyoyatoa kwenye ukuta wa ua wa Bwana Bata ili jeneza lisilale majini. Namalwa alishika mkono wa Nduta ibada nzima. Mzee Kiarie alihutubia kuhusu matunda ya Uhuru. Nilitazama chini ili nisimtazame.

Jumapili, 4 Aprili

Mvua. Ilianza tukiwa kanisani tukishika matawi ya Jumapili ya Matawi. Tumekimbia nyumbani wote, tukasimama kwenye mvua tukitazama mvuke mweupe ukitoka shambani kote, hatuoni hata mikaratusi ya ng'ambo. Jioni ukakoma. Moshi umekwisha. Githinji alisema asante kwa Mungu, akaingia ndani akajifunika blanketi.

Jumamosi, 17 Aprili

Maji hayakusimama pale pa zamani. Moto umekula ardhi, kimo cha Nduta mzima, kwa hiyo kinamasi sasa ni kirefu kwenda chini, na maji yamefika mahali nilipopanda maharagwe. Githinji alipima mdomo wa mtaro. Uko juu kuliko shamba. Hata tukiufungua hayatoki. Hilo ndilo alilojua Kimutai siku ile aliponiangalia.

Githinji alikwenda kwa Mzee Kiarie kuomba kipande kingine. Akaambiwa kura ni kura.

Jumatatu, 19 Aprili

Githinji amepata kibarua kwenye kiwanda cha mbao mjini. Amepanga chumba mtaa wa Huruma na wanaume wengine watatu. Atakuja Jumamosi. Kwa Murunga moto haukufika, mahindi yake yameota.

Jumamosi, 24 Aprili

Bata wamerudi, wengi. Leo na wale korongo wawili, au wengine, sijui, kwangu ni walewale. Kimutai alikuja na darubini yake akatazama, hakusema lolote la kunisuta. Nilimpikia chai. Nilitaka sana kuwachukia wale ndege. Nimeshindwa. Na wao tuliwatoa kwao, wakasimama tu wakitazama.

Jumamosi, 8 Mei

Mvua haikatiki. Maji yameanza kulamba kaburi la Mama. Namalwa ananiruhusu kuchota udongo kwenye shamba lake, na mimi na Nduta tunabeba kwa karai, tunamwaga kaburini, tunashindilia. Kila siku maji yanatwaa kidogo, nasi tunarudisha kidogo. Nimechoka mpaka kwenye mizizi ya meno.

Githinji amefika jioni akitoka mjini, mabega yamejaa vumbi la mbao. Tulikuta korongo wote wawili wamesimama juu ya kaburi. Hapakuwa na mahali pengine pakavu pa kusimama. Mmoja ana majani mdomoni, ya kujengea.

Githinji aliinama akaokota donge la udongo, akainua mkono. Nami sikumzuia, sikuwa na nguvu ya kumzuia mtu. Alibaki hivyo, mkono juu, akiwatazama, nao wakimtazama. Kisha alisogea polepole hadi wakapisha kidogo, akaliweka lile donge ubavuni mwa kaburi, mahali maji yalipokuwa yamemega, akalishindilia kwa kisigino. Halafu akaniuliza karai liko wapi.